Ngoma za Wazee Wetu na Kazi Yake



Swali moja limeletwa kwetu mara nyingi, kwa barua na kwa kinywa: Je, ngoma na nyimbo za kabila zetu zafaa kutunzwa, ama tuziache zife pamoja na wazee wazijuao? Wako wajibuo upesi kwamba ni mambo ya giza, basi na yaishe. Wengine nao hujibu upesi vile vile kwamba ni urithi, basi na ziwekwe jukwaani wageni wakija, watoto wavae manyoya na kupigiwa makofi. Majibu hayo mawili yapingana, walakini kosa lake ni moja. Yote mawili yaiona ngoma kuwa kama kinyago, kitu cha kuchomwa moto au cha kufungiwa kabatini. Katika somo hili nataka tuichunguze ngoma kama kazi, tuulize hufanya nini katikati ya watu, na watu huwaje ikiwa hakuna tena wa kuifanya.

Kwanza tuangalie hapa kwetu. Mtu apitaye bonde hili lililo kati ya Kilosa na Mikumi, akaingia Kilangali, atasikia lugha nyingi kabla jua halijafika utosini. Wenyeji ni Wasagara. Milimani upande wa Kidodi wako Wavidunda, na kaskazini, upande wa Mamboya na Berega, wako Wakaguru. Lakini reli ilipopita, na mashamba ya mkonge yalipofunguliwa zamani za Wajerumani na kuongezwa zamani za Waingereza, wakaja manamba kutoka kila pembe ya nchi: Wanyamwezi, Wangoni, Wabena, Wahehe, Wamakonde, Waha. Wengi hawakurudi kwao. Walioa hapa, wakazikwa hapa. Baadaye wamekuja Wamaasai na Wasukuma na ng'ombe zao, na wakulima wa mpunga kutoka mbali. Sharika zetu nazo ni mchanganyiko uo huo. Katika benchi moja la wazee wa kanisa utamkuta Mchaga, Mbena na Msagara, nao washauriana kwa Kiswahili.

Mtoto wa nyumba hizi akiulizwa, Wewe ni mtu wa wapi? hujibu, Wa Kilangali. Ni jibu jema, wala sitaki alibadilishe. Lakini ukimwuliza, Bibi yako alimbembeleza baba yako kwa wimbo gani alipokuwa mchanga? hunyamaza. Ukimwuliza baba yake, naye hunyamaza.

Nami nina deni katika jambo hili, na yanipasa kulikiri kabla sijawafundisha wengine. Miaka michache baada ya kubarikiwa kwangu niliitwa kwenda kuzika katika kijiji kimoja cha bonde hili. Marehemu alikuwa mzee Mkristo, mtu wa sifa njema. Usiku wa matanga, dada yake, ambaye alikuwa bibi mkongwe, alianza kuimba kwa Kisagara kwa sauti ya chini, na wanawake watatu wanne wakamwitikia. Sikuyajua maneno. Nikadhani ni mambo ya mizimu, nikamtuma mzee wa kanisa awanyamazishe, nasi tukaimba wimbo wa kitabuni. Bibi yule hakubisha. Alijifunika kanga yake kichwani, akanyamaza mpaka asubuhi.

Baadaye mwana wa marehemu alinieleza maana ya wimbo ule. Ulikuwa ukitaja majina ya ukoo wa mama, jina baada ya jina, mpaka kumfikia marehemu mwenyewe. Hapakuwa na mzimu aliyeombwa. Ilikuwa ni hesabu ya nasaba, na tena ni hesabu ambayo haikuandikwa mahali popote. Wasomaji wajua ya kwamba kwa wenyeji wa milima na mabonde ya Morogoro, Wasagara, Wakaguru, Wavidunda na Waluguru, ukoo wa desturi hufuatwa kwa mama. Sisi wachungaji, katika vitabu vyetu vya ubatizo, twaanza na jina la baba. Basi ukoo ule haukuwa na kitabu kingine ila vinywa vya wanawake wale, nami nilikuwa nimekifunga kitabu hicho kikisomwa.

Miaka ikapita. Nikamwendea bibi yule nyumbani kwake, nikamwomba radhi, nikatoa simu yangu na kumwomba aniimbie wimbo ule ili niuhifadhi. Akacheka, akasema, "Mwanangu mchungaji, nani amekufa?" Nikamwambia hakuna aliyekufa. Akasema, "Basi hauimbwi. Nikiuanza hapa mchana, majirani watakuja wakilia." Nilipomsihi sana alijaribu kuutaja kwa maneno tu, akakwama baada ya majina matano. Haukuwa uzee uliomkwamisha. Yeye alikuwa mwanzishaji. Majina ya mbele yalikuwa katika vinywa vya waitikiaji, na wawili kati yao walikwisha kufariki.

Hapo niliona jambo ambalo sikufundishwa seminarini. Wimbo wa namna ile haukai kichwani mwa mtu mmoja kama neno lililokaririwa. Hukaa mahali pawili: katika shughuli iuitayo, na katikati ya mwenye kuanzisha na wenye kuitikia. Ukiiondoa shughuli, wimbo hauna mlango wa kutokea. Ukiwaondoa waitikiaji, nusu yake imekwisha kuzikwa.

Lugha yetu yenyewe yalijua jambo hili. Tusemapo "ngoma" twataja chombo kipigwacho, na mchezo uchezwao, na tena shughuli nzima pamoja na chakula chake na wageni wake. Neno ni moja kwa sababu mambo hayo hayatengani. Hata Wamaasai, ambao kwa desturi hawapigi ngoma yoyote bali huimba kwa koo na kuruka, Waswahili wakiwaona husema, Wanacheza ngoma.

Sasa tuzitazame kazi zenyewe.

Kazi ya kwanza ni kumfanya mtu awe mtu wa mahali. Katika makabila ya hapa kwetu, na vile vile kwa Wakwere na Wazaramo walio karibu na pwani, kijana wa jando na mwali aliyewekwa ndani walifundishwa kwa nyimbo. Nyimbo hizo ni fupi, mara nyingine maneno sita au saba, nazo ni za fumbo. Anayezisikia pasipo kufundishwa huona zataja nyuki, mto, au jembe. Aliyefundishwa ajua zataja ndoa, mauti, au heshima ya mjomba. Mtaalamu wa Kimarekani, T. O. Beidelman, aliyekaa Ukaguru katika wilaya hii ya Kilosa miaka ya 1950, aliziandika nyingi na kuzieleza, na mwaka 1997 alitoa kitabu kizima juu ya jando na unyago wa Wakaguru. Hata kabla yake, Bruno Gutmann wa Misioni ya Leipzig, aliyekuja Uchagani mwaka 1902 na kuondoka mwaka 1938, aliyakusanya mafundisho ya vijana wa Kichaga yakajaza vitabu vitatu, vilivyopigwa chapa kati ya mwaka 1932 na 1938. Gutmann alikuwa mmisionari wa Kilutheri, wala hakuona haya kukaa miguuni pa wazee wa Kichaga kama mwanafunzi. Wengine wengi wa siku zake, wa madhehebu yote, walikata shauri jingine: Mkristo aonekanaye uwanjani pa ngoma alitengwa na Meza ya Bwana. Nimewahi kuwasikia wazee wakisimulia jinsi walivyojificha katika migomba wasikilize ngoma ya ndugu zao.

Sisemi ya kwamba kila lililomo ndani ya mambo hayo ni jema. Msichana kuondolewa masomoni ili awekwe ndani miezi mingi na kuozwa angali mtoto, hilo ni dhuluma, na sheria yalikataza. Ziko pia nyimbo za matusi ambazo mimi sitaki watoto wangu waziimbe. Lakini tuangalie tulivyotenda. Tuliyakataa yote kwa mara moja, kisha tukampa kijana katekisimu na kumwambia sasa wewe ni mtu mzima. Katekisimu ni kitu chema, nami nimeifundisha miaka mingi. Lakini haimwambii ni nani mjomba wake, wala asimame wapi katika mazishi ya mama mkwe wake. Nyimbo zile zilimwambia.

Kazi ya pili ni kuwafanya wageni kuwa ndugu. Wale manamba wa mkonge walitoka mbali na makaburi ya baba zao. Mtu akiugua kambini, nani amwuguze? Akifa, nani amzike? Katika pwani yetu, tangu Lamu na Mombasa mpaka Tanga na Dar es Salaam, ilitokea mwishoni mwa karne ya 19 na mwanzoni mwa karne ya 20 ngoma iliyoitwa Beni. Jina lake latoka kwa bendi za askari. Wachezaji walivaa kama maofisa, wakaandamana kijeshi, wakapeana vyeo vya mfalme na jemadari. Walikuwa na pande mbili zilizoshindana, Marini na Arinoti. Vita vya kwanza vya dunia, vya mwaka 1914 mpaka 1918, viliichukua Beni kuingia bara, kwa kuwa askari, wapagazi na makarani walikwenda nayo. Mtaalamu Terence Ranger aliandika habari zake katika kitabu cha mwaka 1975. Wazungu wa serikali waliiogopa, wamisionari waliidharau kwamba ni kuiga tu. Nao wote hawakutazama hesabu za vyama vile: palikuwa na michango ya wagonjwa, na michango ya sanda. Mtu aliyecheza nawe jioni ndiye atakayekuzika. Kwa hiyo waliokuwa Mnyamwezi na Mngoni na Mzaramo, wasiojuana, walipata ukoo mpya kwa kupiga hatua moja.

Kando ya ziwa Nyasa ngoma hiyo hiyo ilizaa mganda, unaochezwa kwa mistari kama gwaride, na leo wenyeji wa huko husema ni ngoma yao ya asili. Wasema kweli. Ilianza kwa kuigwa, lakini vizazi vitatu vimeoa na kuzika kwa ngoma hiyo.

Vijana watavumilia nikiongeza neno dogo hapa. Wazee wengi hulia juu ya singeli, kwamba ni kelele za simu, haina baba wala mama. Baba anaye. Singeli ilitoka mitaa ya Dar es Salaam katika mchiriku, na mchiriku ulitoka katika ngoma za Wazaramo. Kijana wa Kilangali achezaye singeli mbele ya duka huenda anapiga hatua ambazo bibi yake wa pwani alizipiga kwenye mkole. Mambo ya maneno yake ni shauri jingine, nami sitayatetea.

Iko kazi ya tatu, nayo ni ya jasho. Wasukuma walioko bondeni mwetu wajua bugobogobo, ngoma ya majembe. Kundi la wakulima hulima kwa mstari, na wimbo na ngoma huzipima mkono zote ziinuke pamoja. Shamba la mtu mmoja lililo la wiki nzima huisha kwa siku moja. Leo bugobogobo huonekana zaidi jukwaani, jembe likirushwa juu na kudakwa, jambo ambalo hakuna mkulima angelifanya shambani kwake. Si vibaya, lakini jembe lile halilimi. Huko kwao kuna desturi nyingine ambayo imeiponya ngoma vizuri zaidi. Tangu zamani wachezaji wa Kisukuma wamegawanyika pande mbili, Bagika na Bagalu, na kila upande hutaka kumshinda mwenzake kwa watu na kwa dawa na kwa ufundi. Katika kituo cha Bujora karibu na Mwanza, padre Mkatoliki David Clement aliyaingiza mashindano hayo katika sikukuu ya kanisa lake iitwayo Bulabo, mwezi wa Juni. Hivyo mashindano yalipata siku yake katika mwaka, na kijana ana sababu ya kujifunza.

Sasa yafaa tuone nini hutokea kazi ikikoma kabisa, na kwa ajili ya hilo twende Uganda. Katika nchi ya Busoga kulikuwa na muziki wa kifalme uitwao Bigwala. Ni tarumbeta zilizotengenezwa kwa vibuyu virefu, tano au zaidi, na kila tarumbeta hutoa sauti moja tu. Hakuna mpigaji awezaye kuupiga wimbo peke yake. Kila mmoja hungoja zamu yake na kuitia sauti yake mahali pake, na wimbo hutokea katika kupokezana kwao. Uliimbwa katika kutawazwa kwa mfalme, katika mazishi yake, na katika sherehe za ufalme. Mwezi wa Mei mwaka 1966 askari wa serikali ya Milton Obote walivamia ikulu ya Kabaka wa Buganda, na mwaka 1967 falme zote za Uganda zikafutwa kwa sheria. Hakuna aliyetoa amri kwamba Bigwala isipigwe. Mfalme hakuwapo, basi hapakuwa na siku ya kuipiga. Shirika la UNESCO lilipoiingiza Bigwala mwaka 2012 katika orodha ya mambo yanayohitaji kuokolewa upesi, wazee mabingwa wa sanaa hiyo walikuwa wamebaki wanne. Fikirini, ndugu: muziki uhitajio watu watano angalau, na mabingwa wamebaki wanne.

Nilipoisoma habari hiyo nilimkumbuka bibi yangu wa matangani na majina yake matano.

Lakini mwaka ule ule wa 1966 jambo jingine lilitendeka katika nchi yetu, chini ya mlima Meru. Katika Chuo cha Theolojia cha Makumira mwanafunzi mmoja kutoka Bukoba, Bernard Kyamanywa, aliandika wimbo wa Pasaka, "Mfurahini, Haleluya", kwa sauti ya kienyeji. Mwalimu wake, Mmarekani Howard Olson, alikuwa akiwahimiza wanafunzi walete sauti za nyumbani kwao, naye akazikusanya na kuzitia katika kitabu, "Tumshangilieni Mungu". Wimbo wa Kyamanywa ulivuka bahari. Walutheri wa Ujerumani wanao katika kitabu chao cha nyimbo, nambari 116, nao huuimba asubuhi ya Pasaka kwa Kijerumani. Hivyo watu ambao zamani walituletea sauti zao sasa wanaimba yetu.

Waalimu wa kwaya yawapasa kujua pia sababu nyingine ya kazi ile ya Makumira, nayo ni ya lugha. Kiswahili hutia mkazo katika silabi ya pili kutoka mwisho: BWAna, mwoKOzi. Nyimbo nyingi za Kijerumani na Kiingereza humaliza mstari kwa silabi nzito, kwa kuwa lugha zile zina maneno mengi ya namna hiyo. Sisi tukiweka maneno yetu chini ya sauti zile, mkazo huangukia mahali pasipo pake, tukaimba bwaNA na mwokoZI. Tumezoea, hatusikii tena. Katika lugha kama Kihaya na Kichaga hatari ni kubwa zaidi, maana huko kupanda na kushuka kwa sauti ni sehemu ya neno lenyewe, na sauti ya kigeni yaweza kuligeuza neno likawa jingine au likawa si kitu. Sauti ya kienyeji haifanyi hivyo, kwa sababu ilizaliwa pamoja na maneno. Henry Weman, mpiga kinanda wa kanisa kuu la Uppsala huko Swideni, alitembelea nchi yetu miaka ya 1950 na kuandika kitabu mwaka 1960 akiyahimiza makanisa ya Afrika kuimba kwa muziki wao. Padre Stephen Mbunga, Mtanzania, alifanya hivyo kwa Wakatoliki. Misa yake ya Kiswahili ni ya mwaka 1959.

Najua baadhi ya wasomaji watasema, Je, sauti ya ngoma ya arusi yaweza kuingia kanisani? Mlutheri asiulize hivyo kabla ya kujua habari za nyumba yake. Mwaka 1535 Martin Luther alipowaandikia watoto wimbo wa Krismasi, aliutia katika sauti ya mchezo wa vitendawili walioucheza vijana wa Ujerumani jioni. Na ile sauti nzito ya mateso ya Yesu tuimbayo Ijumaa Kuu, ambayo watu wazima hulia kwayo, ilitungwa na Hans Leo Hassler mwaka 1601 kwa wimbo wa mapenzi. Walakini niseme habari yote, nisiwadanganye kwa nusu. Mwaka 1539 wimbo ule wa Krismasi uliondolewa katika sauti ya vitendawili, ukapewa sauti nyingine, ndiyo tuijuayo mpaka leo. Basi sauti nyingine huweza kupata kazi mpya na kusahau ya kwanza. Nyingine huendelea kuwakumbusha watu mahali ilipotoka. Ni wasikilizaji wa mahali pale wajuao. Mimi mchungaji siwezi kuwaamulia Wasagara kama sauti fulani imesahau ngoma ya mganga, na katibu wa kwaya aliyetoka mjini hawezi pia. Waulizwe mama wazee.

Habari nyingine ya Walutheri wenzetu yastahili kutajwa, nayo yanizuia nisije nikazidharau nyimbo za kitabuni. Waestonia ni taifa dogo kaskazini mwa Ulaya, waliotawaliwa na wengine kwa karne nyingi. Mwaka 1869 walifanya sikukuu yao ya kwanza ya nyimbo katika mji wa Tartu. Nyimbo nyingi za siku ile zilikuwa za Kijerumani kwa asili. Zilizotungwa na Mwestonia zilikuwa mbili tu. Lakini wakaifanya tena sikukuu hiyo, na tena, na wajukuu wakasimama waliposimama babu zao. Mwezi wa Septemba mwaka 1988, wakiwa chini ya utawala wa Kisovieti, walikusanyika uwanjani Tallinn wapata 300,000 kuimba, na taifa zima halikuzidi sana milioni moja na nusu. Mwaka 1991 walipata uhuru wao tena. Kwao wimbo haukuuliza tu umetoka wapi. Uliuliza umewafanyia nini.

Kwa kipimo hicho, ile nyimbo ya kitabuni niliyowaimbisha usiku wa matanga ule nayo si ngeni tena Kilangali. Vizazi vitatu vimezikwa kwayo, na Mbena na Msagara huitikia pamoja bila kitabu. Kosa langu halikuwa kuiimba. Kosa langu lilikuwa kudhani ya kwamba usiku mmoja hauwezi kuzibeba zote mbili, na usiku wa matanga ni mrefu.

Mwaka 1962, Desemba, Mwalimu Nyerere alipounda wizara ya utamaduni, alisikitika bungeni ya kwamba watu waliosoma walijua ngoma za Ulaya na Amerika lakini gombesugu, kiduo na lelemama hawakuzijua. Tangu hapo nchi imefanya mengi. Chuo cha Sanaa cha Bagamoyo kilianzishwa mwaka 1981, na mtu kama Hukwe Zawose, Mgogo mpiga ilimba na zeze aliyefariki mwaka 2003, aliusikizisha muziki wa Ugogo duniani kote. Lakini chuo hakiwezi kufika katika matanga ya Kilangali. Mwalimu wa kijiji yuko pale tayari, ana kalamu, tena ana simu.

Basi waalimu, nawaomba kazi hii, nayo haina gharama. Mkienda kuuandika wimbo, msimwendee mzee mmoja peke yake. Mwombeni aje na waitikiaji wake. Andikeni kwanza siku na shughuli, kabla ya maneno: huimbwa lini, nani huanza, nani huitika, nani hawezi kuwapo. Majina ya watu yaandikwe yote hata kama ni marefu. Wimbo wa jandoni au wa mwali ukiambiwa ni siri, funga daftari, wala usiwashe simu mfukoni. Huo ni wizi. Palipo na shughuli ya kweli, kama kupanda, kuvuna, arusi au msiba, mwombe mwenye nyumba ruhusa, ukae kimya mwishoni mwa watu. Na ikiwezekana, uwachukue watoto wawili watatu, si waandike, bali wapate kuitikia.

Mwalimu mmoja wa mtaa wa mbali amekwisha kuanza. Daftari lake lina nyimbo kumi na moja: za Kisagara sita, za Kividunda tatu, za Kibena mbili. Pembeni ya nyimbo nne ameandika, "Mwitikio haujulikani." Ameniandikia kwamba masika hii, siku za kupandikiza mpunga, kuna mama mmoja ambaye angali huongoza wimbo shambani kwake na wanawake wa jirani. Aliomba ruhusa awapeleke watoto wa shule ya Jumapili, ingawa siku yenyewe itaangukia katika mazoezi ya kwaya. Nimemjibu aende, na kwaya iende naye.